Siku Tuliyomchajia Mama Meli Simu

Mektilda hajawahi kuiona bahari, na ukimuuliza kama angependa kwenda kuiona atakuuliza nani atabaki na maharage jikoni. Lakini hapa Runzewe hakuna anayejua habari za meli za kivita kumshinda yeye. Ukifika kwenye kibanda chake machimboni ukaagiza wali, utasimuliwa manowari kabla sahani haijafika. Wachimbaji wakambandika jina la Mama Meli, na sasa hata katekista anamwita hivyo hivyo.

Mimi ni Monika, jirani yake wa ukuta mmoja. Nakaanga vitumbua pembeni ya kibanda chake, na jioni tunarudi wote nyumbani. Naliweka wazi hili mapema asije mtu akasema nimeokota maneno njiani. Nilikuwepo, na mengine nilishiriki kuyafanya.

Habari za hizo meli alimletea binti yake, Hosiana. Alitoka JKT akachukuliwa jeshi la majini, yeye na kijana mmoja wa upande wa Ushirombo anayeitwa Boaz. Watoto wa huku, ambao maji mengi waliyoyajua ni ya lambo la kunyweshea ng'ombe. Aliporudi likizo ya kwanza mama yake hakumuuliza mshahara wala mchumba. Alimuuliza: "Wewe uko kwenye meli inayopiga au inayopigwa?"

Hosiana akacheka, akavuta vyombo vilivyokuwa vinasubiri kuoshwa, akavipanga chini kwenye mkeka. "Hivi vikombe ni boti za doria, zina mbio, zinafukuza wavuvi wa mabomu na wenye magendo. Hii sahani ni manowari, ina mizinga. Na hii sufuria yako ya maharage ndiyo meli yetu sisi. Tunabeba mafuta, maji ya kunywa, chakula, vipuri, hata daktari tunaye. Wenzetu wakiishiwa kule mbali, wanakuja kwetu."

Mektilda akaikagua ile sufuria kama hajawahi kuiona. "Kwa hiyo ni mama lishe."

"Ndiyo mama. Ni mama lishe wa meli nyingine."

Alifurahi hadi usiku, nakwambia. Halafu kesho yake asubuhi, anachambua mchele, akanyanyua kichwa. "Hayo mafuta yanakaa wapi, na nyie mnalala wapi?"

"Mama, chai inapoa," Hosiana akajibu.

Hilo jibu ndilo lililomharibu. Tangu hapo mwanamke hakuwa na raha. Sisi wote huku tukisikiliza utabiri wa hali ya hewa tunataka kujua mvua. Yeye anataka mawimbi. Redioni wakitaja upepo mkali ukanda wa pwani, mwiko unasimama katikati ya sufuria na wali unaungua, na wateja wananung'unika. Nilimwambia mara nyingi, wewe Mektilda, upepo wa Mafia unakuhusu nini wewe na hizo sufuria zako. Ananijibu, "Wewe Makoye wako anauza viatu Kahama, huwezi kujua." Basi nanyamaza, maana ni kweli Makoye wangu anauza viatu Kahama, na hatari kubwa aliyo nayo ni wakwe zake.

Sasa kuna kazi nyingine ya Mektilda ambayo lazima niieleze, vinginevyo hamtaelewa. Machimbo ni machimbo. Duara, lile shimo la kuchimbia, linaporomoka, au hewa chafu inawakuta watu chini, na mtu aliyeondoka asubuhi na koleo hatoki. Mke wake yuko nyumbani, hajui. Huku kwetu habari kama hiyo hairushwi kwenye simu. Mtu anaandaliwa. Wanatangulia wanawake kwenda kukaa naye, wanaongea ya mvua na bei ya unga, huku wanaume wanawatafuta ndugu. Ndugu wakishafika, ndipo anaambiwa akiwa amekaa chini na mikono ya watu iko mgongoni kwake.

Na wa kutangulia, siku zote, alikuwa Mektilda. Alikuwa fundi wa jambo hilo. Anaingia na kikapu chake, anasalimia vizuri, kisha anasema, "Lete simu yako nikuchajie, naona imebaki kidogo." Hapo anakuwa amekata njia ya habari. Redio anaizima kwa kusingizia kichwa kinamuuma. Viti anavitoa nje kimoja kimoja, anasema anataka kufagia. Mtu anakuja kushtuka nyumba imeshakuwa ya msiba na yeye amekaa katikati yake. Wengi walimshukuru baadaye. Wabeja sana, Mama Meli, ulinisaidia. Mimi mwenyewe nilimsifia.

Sasa siku ya mnada, Meshack wa karasha akaja kibandani na simu yake. Huyu Meshack kazi yake ni kusaga mawe ya dhahabu, lakini ukimwona na ile simu utadhani ameajiriwa na redio. Akasema, "Mama Meli, meli zenu hizi." Nilimkanyaga mguu chini ya meza. Hakusikia.

Ilikuwa video. Bahari, na moshi mweusi umesimama juu yake. Mtu anaongea nyuma, anasema meli ya mizigo ya kigeni imeshika moto, na meli za jeshi letu zimekwenda kuokoa mabaharia wake. Kwenye kona ilionekana manowari ndogo, na nyuma yake meli moja nene, imesogea karibu kabisa na moshi, inarusha maji.

Mektilda akaweka kidole kwenye kioo. "Hiyo ndiyo sufuria yangu," akasema.

"Iko mbali na moto, Mama," Meshack akajitahidi.

"Ina mafuta tumboni na imesogelea moto. Aliye mbali ni wewe."

Akampigia Hosiana. Haipatikani. Akaosha sahani, akapiga tena, haipatikani. Nikamwambia baharini mtandao haushiki. Akanijibu kwamba juzi ulishika. Jioni ile hakuweza hata kufunga khanga yake vizuri, nilimfungia mimi, na mikono yake ilikuwa baridi kama mtu aliyetoka kisimani. Naogopa, Monika, akasema. Mektilda hakuwa mtu wa kusema naogopa.

Kesho yake asubuhi hakwenda machimboni, na mimi sikwenda. Nikiwa uani kwangu nachochea moto wa chai, katekista Deusdedit akaja kupitia mlango wa nyuma. Katekista hapiti mlango wa nyuma. Akaniambia kwa sauti ya chini kwamba Marcel amempigia simu. Marcel ni kaka yake Mektilda, anakaa Shinyanga mjini, Ngokolo, ana duka la vipuri vya baiskeli.

"Amesemaje?"

"Amesema, kaeni na dada yangu hadi nifike. Msimwambie kitu. Niko njiani."

"Na Hosiana?"

"Nilimuuliza. Akasema, nitaongea nikifika. Akakata."

Nilikaa chini pale pale kwenye jivu. Sikuhitaji kuelezwa zaidi, na Deusdedit hakuhitaji, na yeyote aliyezaliwa huku hahitaji. Nilimlilia Hosiana kimya kimya, nikanawa uso, nikapaka mafuta ili nisionekane nimelia, nikaenda kwake.

Mektilda alikuwa ukumbini, simu mkononi. Nikamsalimia, akaitikia. Nikaongea habari ya mvua. Halafu mdomo wangu, sijui uliyatoa wapi maneno, ukasema, "Lete simu yako nikuchajie, naona imebaki kidogo."

Akanitazama. Akanipa simu.

"Imejaa," akasema. "Lakini chaji."

Baada ya hapo kila kitu kilikwenda kama alivyokuwa akikiendesha yeye, ila safari hii kilimwendea yeye. Mama mmoja wa jumuiya akaingia, akasema kichwa kinamuuma, akazima redio. Mwingine akaomba kufagia, viti vikaanza kutoka. Uani nikasikia gogo linatua, kisha jingine. Ndoo ya unga ikapita mlangoni imefunikwa khanga, na aliyeibeba akajifanya anakwenda kwake.

"Hizo kuni hazitoshi," Mektilda akasema kutoka kwenye mkeka. Sauti yake ilikuwa ya kawaida, na hiyo ndiyo iliyotutisha. "Watu watakuja wengi. Hosiana alisoma hapa, wenzake wote wako hapa. Mwambieni Deusdedit aongeze kuni."

Akanigeukia mimi.

"Monika. Niambie."

"Sijui kitu, mama."

"Hilo ndilo nililokuwa nawajibu wenzako. Sijui kitu. Na nilikuwa najua."

Mimi kweli nilikuwa sijui kitu, na sikuwa na njia ya kumfanya aamini. Ningemwambia nini? Kwamba kaka yako amesema tukae na wewe? Hilo lingemmaliza. Nikamletea uji. Nikamwambia anywe, apate nguvu. Akauliza nguvu za nini. Saa zilikuwa haziendi. Kila pikipiki iliyopita barabarani ilimfanya anyooshe shingo, ikipita anarudi anapanga pindo la khanga, analikunja, analikunjua. Mara moja tu aliongea mwenyewe. Alisema Hosiana alipokuwa mdogo alikuwa anaogopa kuchota maji lamboni kwa sababu ya kambale, na kwamba yeye mama yake ndiye aliyemlazimisha. Nikatoka nje nikajifanya napanga kuni.

Marcel akafika alasiri, vumbi mpaka kwenye kope. Na huyu mtu, Mungu amsamehe, badala ya kuingia ndani moja kwa moja, akaenda kwanza kwa wanaume waliokuwa wamekaa kwenye mabenchi. Ndivyo inavyofanywa. Akawasalimia mmoja mmoja. Mektilda alimwona dirishani. Akasimama.

"Marcel, njoo uniambie nikiwa nimesimama."

Marcel akaingia, ameshika kofia. "Kaa kwanza, dada."

Sasa jamani, nani asiyejua maana ya kaa kwanza? Wanawake wote ukumbini wakaangua kilio kwa pamoja. Wengine wakajitupa chini, mmoja akakimbilia nje akipiga yowe, na huko nje wanaume wakavua kofia. Mektilda hakulia. Alibaki amesimama, mdomo wazi, anamtazama kaka yake. Na mimi niliyekuwa karibu niliona Marcel anaongea. Midomo inakwenda, mikono inapunga, na hakuna kinachosikika. Nikasogeza sikio.

"Mzima," alikuwa anasema. "Hosiana mzima. Nyamazeni, mtoto mzima."

Nilitoka mbio uani nikachukua ile sufuria kubwa ya maharage na mwiko, nikarudi nikaipiga mpaka masikio yangu yakauma. Wakanyamaza kidogo kidogo, wanashangaa, wengine wanadhani nimerukwa na akili.

"Rudia," nikamwambia Marcel. "Rudia kwa nguvu, wewe mwanaume."

"Hosiana yuko hospitali, ameungua mkono. Ni mzima. Jana jioni nimeongea naye mwenyewe."

Mektilda akakaa. Sasa ndiyo akakaa. Akanyoosha mkono kwangu. "Simu yangu."

Nikaichomoa kwenye chaji. Marcel akapiga namba aliyopewa, ya nesi, akampa dada yake.

"Mama, shikamoo."

"Ongea tena," Mektilda akasema.

"Mama, ni mimi."

"Tena."

"Ni mimi mama, Hosiana. Mkono umeungua kidogo, ngazi ya ile meli ilikuwa ya moto. Simu yangu imezama. Namba ya mjomba ndiyo pekee niliyoikumbuka."

Mektilda akalia hapo. Alilia kwa sauti yenye hasira, kama mtu aliyeibiwa. Nasi tukalia tena, na safari hii hakuna aliyepiga sufuria. Lakini Hosiana naye alikuwa analia upande wa pili, na kilio chake kilikuwa kingine. Mektilda alikitambua kabla yetu. "Kuna nini?" akauliza. "Ni nani?"

Ilikuwa Boaz. Walikuwa wote kwenye boti ya mpira, wanawashusha mabaharia wa ile meli ya mizigo kwa ngazi. Wakaambiwa kuna mtu amebaki chumba cha injini. Boaz akapanda na kamba kiunoni, Hosiana akaishika kamba. Moshi wa humo ni kama hewa chafu ya duara, haukupi muda. Kamba ilipolegea Hosiana akavuta, wakamtoa, lakini alikuwa ameshakwisha. Na hilo ndilo lililomfanya Marcel ashindwe kuongea kwenye simu. Hosiana alikuwa amemsihi asitaje kifo mpaka mama yake Boaz aambiwe. Maofisa wawili wa jeshi walikuwa wanakuja kwa ndege mpaka uwanja wa Ibadakuli, Shinyanga, kisha kwa gari, na Marcel ndiye wa kuwaonyesha njia kutoka hapa kwetu.

"Sasa si ungesema tu mtoto mzima?" nikamuuliza.

"Mngeniuliza nani si mzima," akajibu. "Na mimi sijui kudanganya." Mwanaume mzima, mwenye duka. Nilitamani kumrudishia ile sufuria kichwani.

Mama yake Boaz anaitwa Eufrasia. Ni mjane, analima, simu hana. Jioni ile Deusdedit na wanaume wakakaa kupanga: wanawake watatangulia asubuhi, watakaa naye, ndugu watafutwe, maofisa wasubiri barabarani hadi waitwe. Wakamgeukia Mektilda, maana nani mwingine angetangulia.

"Sikai na mtu," Mektilda akasema. "Nitamwambia mlangoni."

"Mama Meli, ndivyo tunavyofanya sisi," Deusdedit akasema.

"Ndivyo nilivyokuwa nafanya mimi. Wewe ulikuwa unakuja nimeshamaliza." Alikuwa hapandishi sauti. "Leo mmeniua tangu chai mpaka alasiri. Mtoto mzima nimemzika humu ndani, nimemchagulia na nguo. Yule wa kwake amekufa kweli. Mnataka amzike mara ngapi?"

Wanaume wengine walikasirika, niliona. Mektilda akaamuru zile ndoo za unga na kuni vipakiwe vyote vipelekwe kwa Eufrasia, hata vile vilivyoletwa na majirani zetu, na hakuna aliyethubutu kudai ndoo yake.

Asubuhi tukaondoka. Maofisa kwenye gari lao, sare zimepigwa pasi vizuri, vijana wenye adabu, walimwamkia kila mtu mzima. Mmoja wao akamwambia Mektilda kwamba kutoa habari ni kazi yao. Akamjibu, "Nyie mtatoa ya jeshi. Mimi natoa ya mama." Wakamwacha atangulie. Njia nzima nilimwomba Mungu Eufrasia asiwe nyumbani.

Alikuwa nyumbani. Alikuwa anaanika udaga wa muhogo juu ya mwamba mbele ya nyumba, mikono myeupe hadi kwenye viwiko. Alipomwona Mektilda uso ukamchanua, maana walijuana kwa ajili ya hao watoto.

"Mama Hosiana, karibu. Leo umeniletea salamu zao?"

Kisha akatuona sisi nyuma, na sare nyuma yetu.

Mektilda hakukaa wala hakumwambia akae. Akamshika ile mikono yenye unga. "Eufrasia, Boaz amekufa. Amefia baharini, alikuwa anaokoa watu kwenye meli iliyoungua. Hosiana ndiye aliyemvuta."

Nyuma yangu mtu akaanza yowe, nikamziba mdomo kwa kiganja. Eufrasia alikuwa anamtazama Mektilda tu.

"Wako yupo?" akauliza.

Mektilda hakuiachia ile mikono. "Wangu yupo. Ameungua mkono."

Eufrasia akatikisa kichwa, polepole, mara nyingi. Nilidhani atampiga. Mimi ningempiga. Akaanza kuteleza chini, Mektilda akashuka naye mpaka chini kwenye udaga, na alilia pale sijui kwa muda gani, Mektilda amemkumbatia, maofisa wamesimama kofia mikononi na mmoja wao anajifuta macho kwa mkono wa shati.

Alipopata pumzi akasema, "Nieleze. Usiruke kitu. Mimi hizo meli sizijui."

Mektilda akanigeukia akaniomba vyombo. Nikaingia jikoni kwa Eufrasia nikatoka na nilivyovikuta. Akavipanga pale pale juu ya mwamba, kati ya vipande vya udaga. "Chungu hiki ndiyo meli yao. Inalisha nyingine, ina maji na mafuta. Sahani ndiyo manowari. Kibuyu ndiyo ile ya wageni, iliyoshika moto. Na kikombe hiki ndiyo boti ya mpira, walikuwa humu, Boaz na Hosiana." Akakisogeza kikombe toka kwenye chungu mpaka kwenye kibuyu, taratibu, akieleza kila alichoambiwa na mwanawe, kamba, ngazi, moshi.

Kilikuwa kikombe cha bati, kimebanduka rangi. Eufrasia akakinyanyua, akakifuta unga kwa khanga, akakiweka mapajani. Mektilda akaendelea kueleza bila kikombe.

Tulipokwenda Ibadakuli kupokea mwili, ndege ilipotua na wale vijana wa jeshi wakapanga mstari, Eufrasia alikuwa kati yangu na Mektilda. Hosiana aliposhuka na jeneza, Eufrasia alimshika mkono wake ule usioungua. Mkono wa pili wa Eufrasia ulikuwa ndani ya khanga, umeshika kile kikombe.